Kutoka Bustani ya Amani hadi Mashamba ya Busia na Tororo: Historia ya Mti wa Mpira, Muhogo na Mpaka wa Kikoloni

Ikisiri

Bustani za mimea zilizoanzishwa na serikali za kikoloni Afrika Mashariki huelezwa mara nyingi kama vivutio vya utalii au kama kumbukumbu za sayansi ya kale. Makala haya yanadai kwamba athari yake kubwa zaidi haimo ndani ya nyua za bustani hizo, bali katika mashamba ya wakulima walio mbali nazo. Kwa kufuatilia historia ya Bustani ya Amani katika Usambara Mashariki, na uhusiano wake na muhogo unaolimwa Busia na Tororo chini ya Mlima Masaba, makala yanaonyesha jinsi mti ulioletwa kwa ajili ya biashara ya mpira ulivyogeuka kuwa kinga ya chakula cha mamilioni ya watu. Makala yanahitimisha kwa kuzitazama sera za sasa za ubadilishanaji wa mimea kati ya nchi za Afrika Mashariki.

1.0 Utangulizi

Mwaka 1902 ulishuhudia matukio mawili ambayo kwa juu juu hayakuhusiana. Tarehe 1 Aprili, Jimbo la Mashariki la Uganda lilihamishiwa katika Himaya ya Afrika Mashariki ya Uingereza, nchi ambayo baadaye iliitwa Kenya. Kwa uamuzi huo, jamii za chini ya Masaba, zikiwamo Iteso, Wasamia na Wabukusu, zilijikuta pande mbili za mstari ambao hazikuuchora wala hazikuulizwa juu yake. Mwaka huohuo, mamia ya kilomita kusini-mashariki, serikali ya Wajerumani ilianzisha Taasisi ya Biolojia na Kilimo ya Amani, juu katika milima ya Usambara nyuma ya mji wa Tanga.

Miaka 90 baadaye matukio haya mawili yalikutana katika shamba la muhogo. Ugonjwa ulioteketeza mihogo ya Tororo ulivuka mpaka wa 1902 bila kuonyesha cheti chochote, na vipando vilivyoinusuru mihogo hiyo vilikuwa na damu ya mti uliotunzwa Amani. Ni vigumu kupata mfano bora zaidi wa kauli kwamba urithi wa ukoloni si jambo la kusifiwa tu au kulaaniwa tu, bali ni jambo la kufuatiliwa hatua kwa hatua, mpaka ijulikane nani alipata, nani alilipa, na nani anadaiwa nini leo.

2.0 Bustani kama chombo cha dola

Katika karne ya 19 bustani ya mimea ilikuwa chombo cha utawala kama ilivyokuwa reli au ofisi ya forodha. Bustani ya Kew, karibu na London, ilikuwa kitovu cha mtandao uliosafirisha mimea kutoka bara moja kwenda jingine kwa shabaha ya biashara. Mkwinini ulitolewa Amerika Kusini ukapelekwa India. Mpira ulitolewa Brazili ukapelekwa Ceylon na Malaya. Koloni jipya lilipotwaliwa, moja ya mambo ya mwanzo lilikuwa kuanzisha bustani ya majaribio ili kujua ardhi hiyo ingeweza kuzalisha nini cha kuuzwa Ulaya.

Kwa upande wa Uganda kazi hiyo ilianza Entebbe mwaka 1898, kandokando ya Ziwa Viktoria, chini ya Alexander Whyte. Whyte alikuwa ametoka Nyasaland, alikofanya kazi ya mimea Zomba chini ya Harry Johnston. Njia ya mtu ikawa pia njia ya mimea. Buni ya arabika iliyoitwa Nyasaland ilifika Uganda mwanzoni mwa karne ya 20, na baadaye ikapandwa kwenye miteremko ya Masaba. Buni hiyo yenyewe ilikuwa imeletwa Nyasaland miaka ya 1870 na wamisionari wa Kiskoti, ikitokea katika bustani ya mimea ya Edinburgh. Hivyo kahawa ya Bugisu, ambayo wakulima wake waliunda chama kikuu cha ushirika mwaka 1954, ina nasaba inayopita katika bustani za kikoloni kabla ya kufika Mbale.

Hata hivyo, tambarare za Busia na Tororo si nchi ya kahawa. Huku utawala ulitaka pamba. Chini ya Gavana Hesketh Bell, kanuni za pamba za mwaka 1908 ziliiweka mbegu mikononi mwa serikali, na machifu wakapewa jukumu la kusimamia utekelezaji. Mkulima aliambiwa apande nini na aling'oe lini. Chakula kilihesabiwa kuwa jambo la nyumbani, isipokuwa njaa ilipotishia kodi na nguvukazi. Hapo ndipo muhogo ulipoingia katika kumbukumbu za serikali: si kama zao la heshima, bali kama akiba ya njaa ambayo kila kaya ililazimika kuwa nayo.

3.0 Amani na mti wa mpira

Bustani ya Amani ilipangwa kwa upana mkubwa. Viwanja vyake vya majaribio vilipanda kutoka nyanda za chini hadi kwenye ubaridi wa milima, na miti kutoka karibu kila pembe ya tropiki ilipandwa humo. Franz Stuhlmann aliiongoza mwanzoni. Albrecht Zimmermann alimfuata. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, koloni lilipokatiwa njia ya bahari, Amani ilitengeneza kwinini na bidhaa nyingine kwa ajili ya jeshi la Wajerumani. Waingereza waliitwaa mwaka 1916.

Miongoni mwa mimea iliyopewa nafasi kubwa katika koloni hilo ni *Manihot glaziovii*, mti wa asili ya kaskazini-mashariki mwa Brazili, uliojulikana Ulaya kwa jina la mpira wa Ceará. Kew iliupata katika miaka ya 1870 na kuusambaza kwenye bustani nyingine. Ulistahimili ukame kuliko mpira wa Amazoni, na kwa sababu hiyo walowezi wa Kijerumani waliupanda kwa wingi katika wilaya za Tanga na kwingineko. Utajiri wake haukudumu. Mwaka 1913 bei ya mpira iliporomoka, kwa kuwa mashamba ya Asia ya Kusini-Mashariki yalikuwa yameanza kutoa mpira mwingi na wa bei nafuu. Mashamba ya Afrika Mashariki yaliachwa. Miti ikabaki vichakani na kwenye mipaka ya viwanja, na wenyeji wakaipatia kazi ambayo wakubwa hawakuifikiria: majani yake yalichumwa yakawa mboga, ambayo hadi leo Watanzania wengi huijua kama kisamvu cha mpira.

Kwa hesabu ya mwaka 1914, basi, mti huu ulikuwa hasara tupu. Hesabu ya mwaka 1994 ingeonyesha jambo tofauti kabisa.

4.0 Batobato na kazi ya Storey

Ugonjwa wa batobato la muhogo ulielezwa kisayansi kwa mara ya kwanza mwaka 1894 na Otto Warburg, kutokana na mihogo ya Usambara. Majani ya mmea ulioambukizwa hupata madoa ya njano na kijani kibichi, hujikunja na kudumaa, na mizizi hubaki myembamba. Ugonjwa husambazwa kwa njia mbili: na inzi weupe wanaofyonza utomvu wa majani, na mkulima mwenyewe anapokata pingili kutoka mmea mgonjwa na kuzipanda upya.

Baada ya Waingereza kuifufua Amani kama kituo cha utafiti wa kilimo cha Afrika Mashariki katika miaka ya 1920, Harold Storey, mtaalamu wa virusi vya mimea, alihamia huko. Kuanzia katikati ya miaka ya 1930, yeye na R. F. W. Nichols walitafuta muhogo usioshindwa na batobato. Walikusanya aina kutoka sehemu nyingi za dunia, lakini hakuna iliyokuwa na ukinzani wa kutosha. Ndipo walipogeukia jamaa wa porini wa muhogo, akiwamo ule mti wa mpira uliosahauliwa, ambao ulikuwa tayari umemea mlangoni mwao.

Kazi haikuwa rahisi. Chotara wa kwanza kati ya muhogo na mti wa mpira walikinza ugonjwa, ila mizizi yao haikufaa kuliwa. Iliwabidi watafiti wawazalishe tena na muhogo wa kawaida, kizazi baada ya kizazi, kila mara wakichagua miche iliyobeba pamoja ukinzani wa mti na mizizi ya muhogo. Baada ya vizazi vitatu vya namna hiyo walipata aina zilizokidhi haja zote mbili. D. L. Jennings aliiendeleza kazi hiyo katika miaka ya 1950 hadi mradi ulipofungwa mwaka 1957. Mwaka 1936 Storey alikuwa pia ameeleza ugonjwa mwingine, michirizi ya kahawia, ambao huozesha mizizi ardhini huku majani yakionekana kuwa na nafuu. Baadhi ya machotara ya Amani yaliustahimili ugonjwa huo vilevile.

Majina yaliyobaki katika machapisho ni ya Storey, Nichols na Jennings. Waliolima viwanja, waliochavusha maua kwa mikono, waliochimba na kupima mizizi kwa zaidi ya miaka 20, hawakuwekwa miongoni mwa waandishi. Historia ya sayansi ya kikoloni haikamiliki bila kulikumbuka pengo hilo, kwa kuwa uzalishaji wa mimea ni kazi ya mikono na macho kabla ya kuwa kazi ya kalamu.

5.0 Safari ndefu ya kurudi

Shughuli za utafiti za Amani zilihamishiwa Muguga, karibu na Nairobi, kuanzia mwaka 1948, chini ya shirika la pamoja la utafiti wa kilimo na misitu la Afrika Mashariki. Mbegu za machotara ya muhogo zilikuwa zimeanza kutumwa katika nchi nyingine za Afrika. Nchini Nigeria, katika kituo cha Moor Plantation mjini Ibadan, mbegu kutoka mzazi wa Amani aliyejulikana kwa namba 5318/34 zilitoa aina iliyoitwa 58308. Aina hiyo ilikuwa na ukinzani mzuri lakini mavuno haba. Ilipoanzishwa Taasisi ya Kimataifa ya Kilimo cha Tropiki mjini humo mwaka 1967, mtafiti S. K. Hahn na wenzake waliitumia 58308 kama mzazi katika miaka ya 1970. Miongoni mwa matunda ya kazi hiyo ni aina iitwayo TMS 30572.

Huko nyuma, katika tambarare za mashariki mwa Uganda, muhogo ulikuwa umepanda cheo. Kutoka akiba ya njaa iliyolazimishwa na chifu, ulikuwa chakula cha kila siku, ukisagwa pamoja na mtama au wimbi na kusongwa kuwa atap kwa Iteso, kuon kwa Jopadhola, na obusuma kwa Wasamia na majirani zao. Wakulima wengi walipendelea aina moja, Ebwanateraka, kwa utamu na wingi wa mavuno yake. Pendo hilo lilikuwa na hatari: Ebwanateraka haikuwa na kinga dhidi ya batobato kali.

Mwishoni mwa miaka ya 1980 batobato la aina mpya lilianza kuonekana Luwero, kaskazini mwa Kampala. Lilisogea mwaka hadi mwaka, takriban kilomita 20 hadi 30 kila mwaka, likiacha nyuma yake mashamba yasiyo na mizizi. Wilaya za Teso, ambazo zilikuwa ndiyo kwanza zinatoka katika uasi na wizi wa mifugo, zilipoteza mihogo wakati ambapo ng'ombe walikuwa wamekwisha. Ukame ulipoongezeka mwaka 1993 na 1994, njaa iliua watu. Makadirio yanayotajwa sana yanaweka hasara ya Uganda katika miaka hiyo kuwa zaidi ya dola milioni 60 za Marekani kwa mwaka. Katikati ya muongo huo ugonjwa ulikuwa umevuka mpaka na kuingia magharibi mwa Kenya. Mwaka 1997 wanasayansi walitangaza kwamba kirusi kilichohusika kilitokana na kuungana kwa virusi viwili vya muhogo vilivyojulikana tangu awali.

Jibu lilipatikana haraka kwa sababu lilikuwa limeandaliwa polepole. Mpango wa taifa wa muhogo wa Uganda, ulioongozwa na G. W. Otim-Nape, ulikuwa umekwisha kuzijaribu aina kutoka Ibadan, na mwanzoni mwa miaka ya 1990 TMS 30572 ilitolewa kwa wakulima kwa jina la Nase 3, ambayo wengi waliiita Migyera. Aina nyingine, SS4, ilitokana na uteuzi uliofanywa Serere. Upande wa Kenya, vipando vilivyotoka Uganda vilipitishwa kwanza katika shamba la karantini karibu na mpaka wa Busia, kisha vikazidishwa na watafiti wa kituo cha Alupe. Chembe za urithi za mti wa mpira wa Ceará zilikuwa zimetoka Brazili hadi Kew, kisha Usambara, Ibadan na Namulonge, mpaka zikaingia katika kikapu cha mama wa Tororo.

6.0 Deni na hasara

Itakuwa kosa kuisoma historia hii kama hadithi ya bustani iliyowaokoa watu. Kwanza, Amani ilianzishwa kwa faida ya walowezi na viwanda vya Ulaya. Chakula cha Waafrika kilipata uzito katika mpango wake wa utafiti baadaye sana. Pili, bustani hiyo imeacha madhara pia. Mti wa *Maesopsis eminii*, unaoitwa musizi kwa Kiganda na ulio wa asili katika misitu ya Uganda na Kakamega, ulipelekwa Usambara mwanzoni mwa karne ya 20. Msitu ulipofunguliwa na uvunaji wa mbao, mti huo ulienea na kuwa mvamizi katika misitu ambayo ina viumbe wasiopatikana kwingine duniani. Mti wa jirani za Masaba umekuwa tatizo Amani, na mti wa Amani umekuwa dawa Masaba. Mmea haubebi wema wala ubaya wake. Huupata mahali unapopandwa na kwa jinsi unavyosimamiwa.

Tatu, ukombozi wenyewe ulikuwa na gharama. Aina kinzani ziliposambazwa, aina nyingi za kienyeji ziliachwa, pamoja na maarifa ya akina mama waliozijua kwa ladha, muda wa kukomaa na namna ya kukausha. Kisha, mwaka 2004, michirizi ya kahawia iliibuka upya nchini Uganda katika maeneo ya mwinuko ambako haikutarajiwa, na baadaye ikaonekana magharibi mwa Kenya. Baadhi ya aina zilizokinza batobato zilishindwa na michirizi. Watafiti walipotafuta ukinzani, mmoja wa wazazi waliotegemewa ulikuwa aina ya kale iitwayo Namikonga nchini Tanzania na Kaleso katika pwani ya Kenya. Uchunguzi wa jeni ulionyesha kwamba majina hayo mawili ni ya mmea mmoja, nao ni chotara wa Amani, namba 46106/27. Kwa nusu karne ulitunzwa na wakulima wa pwani baada ya mradi uliouzaa kufungwa. Bila wakulima hao, ghala la Amani lingekuwa tupu.

7.0 Maana yake kwa sera

Historia hii inaibua mambo matatu kwa washauri wa sera wa Jumuiya ya Afrika Mashariki.

La kwanza ni muda. Kutoka chotara wa kwanza wa Storey hadi Nase 3 katika shamba la Tororo ilichukua zaidi ya nusu karne. Bajeti ya utafiti inayopimwa kwa miaka mitatu haiwezi kuzaa matokeo ya namna hiyo. Jumuiya ya kwanza ilipovunjika mwaka 1977, utafiti wa pamoja uligawanywa kama samani za nyumba ya ndoa iliyovunjika, virusi havikugawanyika.

La pili ni sheria. Mkataba wa Kimataifa wa Rasilimali za Kijenetiki za Mimea kwa Chakula na Kilimo, wa mwaka 2001, unaujumuisha muhogo katika mfumo wa pamoja wa ubadilishanaji, lakini ni *Manihot esculenta* peke yake. Jamaa zake wa porini, akiwamo mti wa mpira uliotoa ukinzani, hawamo katika orodha hiyo. Kwa maneno mengine, mfumo unalinda mtoto na kumwacha mzazi mlangoni. Nchi za Afrika Mashariki, ambazo zina miti hiyo tangu zama za Wajerumani, zina sababu ya kulisemea jambo hili kwa sauti moja.

La tatu ni mpaka. Wakulima wa Busia na Tororo hupeana pingili za muhogo kwa misingi ya undugu na ndoa, na ndugu wengi wako ng'ambo ya Mto Malaba au Mto Sio. Njia hiyo ndiyo iliyoeneza aina njema haraka, na ndiyo inayoweza kueneza ugonjwa. Kuipiga marufuku hakuwezekani, na kuipuuza ni hatari. Linalowezekana ni kuwa na mfumo mmoja wa ukaguzi na uzalishaji wa vipando safi kwa pande zote mbili, unaowatambua wazalishaji wa vijijini na kuandika aina zao kwa majina wanayozitumia wenyewe.

8.0 Hitimisho

Athari ya kudumu ya Bustani ya Amani haikuwa ile iliyokusudiwa na waliojenga nyumba zake mwaka 1902. Mpira ulishindwa, dola mbili zilipita, shirika la pamoja likavunjika, na mpaka uliochorwa mwaka huohuo ungali pale. Kilichobaki ni mmea hai ambao kila kizazi cha wakulima hulazimika kuukata na kuupanda upya ili usipotee. Ukinzani dhidi ya maradhi nao ni hivyohivyo: haurithiwi mara moja na kuhifadhiwa kabatini. Hifadhi ya miti ya Amani, ghala za mbegu za Muguga na Entebbe, na viwanja vya muhogo vya Busia na Tororo ni sehemu za mfumo mmoja, japo ziko chini ya wizara za nchi tatu. Ugonjwa ujao wa muhogo utaukuta mfumo huo ukiwa umeunganishwa au ukiwa vipande vipande, na uchaguzi huo hufanywa sasa, kabla majani hayajaanza kujikunja.